Mashine Tunayoruhusiwa Kuiharibu

Ndugu zangu wa Kashojwa, na ninyi mnaokuja asubuhi na magari meupe na kurudi Mbarara jioni, nina neno. Si neno la kuomba. Ni la kugombana, kwa heshima.

Mwaka jana kijana mmoja wa kijiji chetu alinyang'anywa PSP yake katika kituo kimoja cha vijana. Aliambiwa, "Hapa ni mahali pa kujifunza, siyo pa kucheza." Mashine ikafungiwa kabatini wiki mbili. Kijana akaja kwangu sokoni, pale ninapotengeneza simu, akasimama pembeni ya meza mpaka wateja wakaisha.

"Papa, sikukuwa nacheza," akasema. "Nilikuwa naonesha wenzangu ile niliandika."

Alichoandika kilikuwa gemu. Mtu anatoka bombani na dumu la manjano, njia ni ya matope, mbuzi wanapita. Mbuzi akikugonga, maji yanamwagika na unarudi kwenye foleni. Picha zake ni miraba tu: mbuzi ni mraba mweupe, dumu ni mraba wa manjano. Lakini kila mstari wa programu ile aliuandika mwenyewe, kwa kidole, kwenye simu ya dada yake, usiku. Ni mtoto wa miaka 15 ambaye hajawahi kumiliki kompyuta. Na mashine iliyomwezesha ndiyo ile iliyofungiwa kabatini ati apate kujifunza.

Hapo ndipo hasira yangu ilipoanzia.

Niwaeleze wasioijua. PSP ni mashine ya gemu ya mkononi, ya Sony. Ilianza kuuzwa Japani Desemba 2004, na 2014 ikaacha kutengenezwa, baada ya kuuzwa zaidi ya milioni 70 duniani. Ya kijana huyu tuliipata Mbarara ikiwa mtumba, kioo kina mikwaruzo, mlango wa betri umeshikwa kwa selotepu, kwa bei ya mbuzi mdogo. Ikitoka kiwandani inakubali tu kile ambacho Sony imekigongea muhuri. Ukiweka programu uliyoandika wewe, inakataa. Kuifungua maana yake ni kubadilisha ile programu ya ndani inayoamua nini kiingie na nini kisiingie, ili ipokee na kazi za mikono mingine.

Hizo kazi za mikono mingine, Wazungu wanaziita kwa jina la pombe inayopikwa nyumbani. Sisi tunaoishi Ankole tunaelewa upesi. Bia ya kiwanda ina chupa, kizibo na nembo. Tonto ina jirani aliyeikamua, na ikiharibika unajua ukabishe mlango gani.

Watu walianza kuifungua PSP mwaka 2005. Tangu hapo wametengeneza na kugawa bure visomaji vya vitabu vya PDF, gemu ndogondogo, na Lua Player, programu inayoendesha chochote ulichoandika kwa lugha ya Lua. Lua ni neno la Kireno, maana yake mwezi. Lugha hiyo ilitengenezwa Rio de Janeiro, Brazili, mwaka 1993. Kwa hiyo siyo kila kitu cha kompyuta kinatoka California. Faili la Lua ni maandishi matupu: unaliandika kwenye simu, unalihamishia kwenye kadi, unawasha PSP. Hakuna bando. Na habari ya bando tunaijua. Julai 2018 tuliwekewa kodi ya shilingi 200 kwa siku kwa mitandao ya kijamii, na Julai 2021 ikageuka asilimia 12 ya bei ya data.

Kazi yenyewe haina uchawi. Ninaiandika hapa waziwazi, kwa sababu kuna watu wanaifanya nyuma ya pazia.

Tafuta adapta inayopokea kadi ndogo ya simu, maana kadi ya asili ya PSP, Memory Stick Pro Duo, ni ghali na za bandia ni nyingi. Ifomati ndani ya PSP yenyewe ili itengeneze folda zake. Ipandishe mashine hadi toleo la mwisho la Sony, 6.61, la mwaka 2015. Kisha kopi folda mbili za programu inayoitwa PRO, ziweke katika folda ya GAME, iliyo ndani ya folda ya PSP. Fungua ya kwanza, subiri, imekwisha. Programu zako nazo zinaingia humohumo kwenye GAME, kila moja na folda yake, na ndani yake faili linaloitwa EBOOT.PBP. Ukikosea jina hilo, haionekani. Ukiilaza mashine, inabaki wazi. Ukiizima kabisa, kufuli inarudi, na unafungua ile folda ya pili ili kuiondoa tena. Hakikisha betri imejaa kabla hujaanza, maana ikiwa chini mashine itakataa. Kwetu, hiyo ni kusema subiri jua.

Nusu saa, basi. Kwa nusu saa hiyo kuna vibanda vinavyopokea pesa yako, vinaingia nyuma ya pazia, vinarudi na mashine imejaa mpira na magari ya mbio. Ukiuliza wamefanyaje, "Hiyo siri ya kazi." Mafundi wenzangu, mnavunja kufuli ya Sony ili muweke ya kwenu? Mtoto alikuja na mashine iliyofungwa, ameondoka na mashine iliyofungwa, tofauti ni kwamba sasa mmiliki wa ufunguo ni wewe.

Siri halisi ya kazi nitaisema mimi. Nilijifunza ufundi kwa kuua vitu. Uvira niliua redio ya baba, ile ya betri nne. Nilikula fimbo. Wiki ya pili redio ikaimba, na baba akaacha kunitazama vile. Hakuna fundi asiyekuwa na maiti nyuma yake.

Sasa hapa kambini mtoto ataua nini? Simu? Simu ndiyo inayopokea pesa ya chakula. Ndiyo namba iliyoandikwa kwenye mashirika, ndiyo sauti ya mjomba aliyebaki Fizi. Ukimkuta mtoto anaichokonoa utamchapa, na sitakulaumu. Sola? Ndiyo taa ya nyumba. Kwa hiyo mtoto wa kambi anakua katikati ya vitu ambavyo vyote ni vya thamani mno kuguswa. Anajua kubonyeza. Kufungua hajui.

Na vifaa vya miradi? Nimeviona, na shirika sitaji. Tableti zinakuja na daftari la kusaini, zimefungwa zisioneshe kitu ila programu moja, na mwenye neno la siri yuko Kampala. Mradi ukiisha, mwenye neno la siri anaondoka nalo. Tableti zinabaki sandukuni, nzima kabisa, hazimfai mtu. Hazikuharibika, kwa sababu hakuna aliyeruhusiwa kuziharibu. Katika ripoti, hiyo inaandikwa kuwa vifaa vilitunzwa vizuri.

PSP ya zamani mtoto akiiua, hakuna anayelala njaa. Tena zile za mwanzo zina ufufuo wake. Mwaka 2007 ilijulikana kwamba betri ikijitambulisha kwa namba fulani, mashine inaamka katika hali ya mafundi wa kiwanda, na kwa kadi iliyotayarishwa inakubali kusomeshwa upya hata kama programu yake ya ndani imefutika. Wakaiita betri ya Pandora. Unaweza kuitengeneza kwa kuinua mguu mmoja wa chipu ndogo iliyo ndani ya betri. Niliifanya mezani kwangu, kwa sindano na tochi ya simu, watoto saba wamenizunguka. Kioo kilipowaka walipiga kelele mpaka mama anayechoma mahindi akaja kuuliza nani amefunga goli. Nimehudhuria semina nyingi za ujuzi wa vijana. Kelele ya namna hiyo sijaisikia hata moja.

Mtasema, lakini huo ni wizi. Haya, tuongee.

Msichanganye mambo mawili. Gemu ya mpira iliyokopiwa ni jasho la watu, nao wana haki yao. Uganda ina sheria ya hakimiliki ya mwaka 2006, na ukimbizi haumtoi mtu nje ya sheria. Marekani, Februari 2022, mtu wa kundi lililouza vifaa vya kufungulia mashine za Nintendo alihukumiwa miezi 40 jela. Si jambo la kuchekea, na mimi sijazi gemu za watu kwa pesa. Lakini ile gemu ya dumu ni ya nani? Ni ya kijana aliyeiandika. Na Lua Player, walioitengeneza ndio walioigawa bure. Kumwita mwizi mtu anayeweka kazi yake mwenyewe ndani ya mashine aliyoinunua ni kumsingizia.

Tena mwaka huohuo wa 2006 Uganda ilipitisha sheria nyingine, ile ya wakimbizi, inayotupa haki ya kufanya kazi. Zote mbili zinatuhusu. Msitusomee moja tu.

Na kampuni nazo zisijifanye malaika. PlayStation 3 ilianza kuuzwa ikiwa na nafasi ya kuweka mfumo mwingine, kama Linux. Tarehe 1 Aprili 2010 Sony ikatoa toleo jipya lililoiondoa nafasi hiyo, kwenye mashine ambazo watu walikwisha kuzilipia. Seremala akikuuzia kitanda, halafu akarudi usiku kung'oa mguu mmoja, kijijini kwetu tunajua jina lake.

Sisi wa Kivu tuna la kuongeza. Mashine za umeme kama hizi zinahitaji tantalamu, na tantalamu inatoka kwenye koltani. Mwaka 2000 bei ya koltani iliporuka, vilima vya kwetu vilijaa mashimo na watu wenye bunduki. Kuna familia hapa Nakivale ambazo safari yao ilianzia kwenye vilima hivyo. Rubaya, kule Masisi, mpaka leo watu wanachimba kwa mikono. Mawe yalitoka kwetu hayana kufuli. Yakiturudia yamekuwa mashine, tusiambiwe kwamba kuyafungua ni dhambi.

Yupo atakayesema watu wana njaa na huyu anaongea gemu. Njaa ninaijua kwa jina. Tangu Julai 2023 tumepangwa kwa makundi, na kundi la tatu halipati chakula wala pesa. Tunaambiwa tujitegemee. Vizuri. Lakini mtu hawezi kujitegemea kwa kubonyeza tu. Nakivale iko hapa tangu 1958, wengine wamezaliwa humu na kuzeeka humu, na bado kifaa kikiharibika tunasubiri mtu aje na gari. Mnataka tujitegemee, halafu mtoto akishika bisibisi mnashtuka.

Wazazi, na ninyi nawasikia. Kwenye vibanda vya gemu kuna kamari, na watoto wanatoroka shule. Ni kweli, na mimi nimemfukuza mtoto mezani kwangu saa nne asubuhi na sare yake ya shule. Lakini dawa si kuvunja mashine mbele yake, kama alivyofanya baba mmoja hapa kijijini. Kwangu sheria ni moja: huchezi gemu ambayo hujui faili lake liko wapi. Wengi wanachoka na kuondoka. Wanaobaki, wanabaki kweli.

Kwa hiyo ninasema mambo matatu, moja kwa kila upande.

Mafundi, ondoeni pazia. Mwenye mashine akae aone. Mtapoteza wateja wachache na mtapata wasaidizi, na siku macho yakizeeka mtahitaji mtu wa kushika sindano.

Wazazi, kabla ya kumchapa mtoto muulize: hii umeiweka mwenyewe? Akisema ndiyo, mwambie akuoneshe. Kama anadanganya mtajua papo hapo.

Na ninyi wa mashirika, msituletee mradi wa PSP, tafadhali. Tunajua utaishia wapi. Ninachotaka ni kidogo, tena hakina bajeti. Katika kila kituo cha vijana wekeni meza moja yenye vifaa vilivyokufa, simu, redio, tableti zile za sandukuni, na karatasi ukutani inayosema kwamba vya hapa vinaruhusiwa kuharibiwa. Neno la siri liachwe kwa watu wa hapa mnapoondoka. Na kabla ya kumnyang'anya mtoto kitu, kiwasheni kwanza mkione.

Kijana wetu alirudishiwa PSP yake. Hakuna aliyemwomba radhi, naye hakungoja. Ameshaongeza kitu kwenye gemu: sasa bombani kuna foleni mbele yako, na kila ukikaribia anatokea mtu mwenye madumu kumi anayesema aliacha jiwe lake hapo tangu asubuhi. Waliocheza wanacheka mpaka wanashika tumbo. Mimi nilimuuliza mtu huyo anashindwaje. Akasema bado anatafuta.

Meza yangu iko sokoni Kashojwa, kila Jumamosi baada ya saa nane. Leteni mashine iliyokufa.