Ngoja ngoja ya kesi za kazi huumiza matumbo

Msomaji, wahenga walisema ngoja ngoja huumiza matumbo. Usemi huu unawahusu sana vijana wa Kisii na Nyamira wanaoomba kazi ya uuguzi, maabara au ufamasia, wakakosa, kisha wakaamini kwamba nafasi zao zilipewa wasiostahili.

Tangu kaunti zianze kazi mwaka 2013, wahudumu wa hospitali na zahanati za kaunti huajiriwa kupitia Bodi ya Utumishi wa Umma ya kaunti. Kifungu cha 232 cha Katiba kinataka watu waajiriwe kwa ushindani wa haki na kwa kustahili. Anayeona amepunjwa ana ruhusa ya kupinga. Lakini apinge lini, na wapi? Hapo ndipo wengi hujikwaa.

Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012, katika kifungu cha 77, inampa mlalamishi siku 90 kukata rufani kwa Tume ya Utumishi wa Umma. Nayo sheria ya tume hiyo ya mwaka 2017 inakataza mtu kukimbilia mahakama kabla ya kumaliza njia hiyo. Sasa fikiria mtu aliyefungua kesi moja kwa moja. Kesi inaahirishwa leo, inaahirishwa kesho, halafu anaambiwa alibisha mlango usio wake. Anaporudi kwa tume, siku 90 zimekwisha kitambo, naye hubaki kuomba asikizwe kwa hisani.

Ni kweli kwamba mahakama huweza kumsamehe aliyechelewa. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu Zaidi iliwapa haki akina mama wa wafungwa wa kisiasa waliodhulumiwa Uhuru Park mwaka 1992, ingawa walishtaki baada ya miaka mingi. Lakini akina mama hao walikabiliana na utawala ulioogopwa na wengi. Mtu aliyenyimwa kazi ya maabara juzi hawezi kutumaini huruma kama hiyo.

Isitoshe, kiti hakikai wazi. Aliyeajiriwa hulipwa, huacha kazi ya awali na huzoeana na wagonjwa. Kadiri siku zinavyopita ndivyo jaji anavyosita kumng'oa, hata kama uajiri ulikuwa na dosari. Na pale jaji anaposimamisha uajiri wote hadi kesi iamuliwe, mama mjamzito hufika zahanati akakuta muuguzi mmoja akihudumia foleni nzima. Yeye hakushtaki mtu wala hakushtakiwa, lakini ndiye anayeumia.

Mlalamishi naye huumia. Wasiwasi wa muda mrefu humnyima mtu usingizi na hamu ya chakula, na huweza kuchangia shinikizo la damu kupanda. Nauli na ada za wakili humaliza akiba ya familia. Anaweza hata kukataa kazi nyingine akingojea hukumu.

Maoni yangu ni kwamba lawama zigawanywe. Kifungu cha 159 cha Katiba kinasema haki isicheleweshwe, kwa hiyo kesi za uajiri wa wahudumu wa afya zapaswa kutangulizwa. Bodi nazo zitangaze alama za kila aliyehojiwa pamoja na matokeo. Orodha inayofichwa ndiyo huzaa uvumi, na uvumi huzaa kesi.

Nawe msomaji, ukikosa kazi na ushuku hila, usikae ukinung'unika sokoni. Andikia bodi wiki hiyo hiyo ukidai maelezo. Sheria ya Kupata Habari ya mwaka 2016 inaitaka ikujibu katika siku 21. Weka nakala za tangazo na barua zako, na uhesabu siku zako 90 kuanzia siku uamuzi ulipotolewa. Ukiona huna ushahidi, tafuta kazi kwingine mapema, kwa faida ya afya yako.