Wale au Sisi? Hoja Dhidi ya Orodha za Usomaji Kuhusu Jamii, Familia na Afya

1.0 Utangulizi

Orodha ya vitabu vinavyopendekezwa kwa wanafunzi huonekana kuwa karatasi isiyo na hatia. Huchapwa, hurudufishwa, hubandikwa kwenye ubao wa matangazo, na mwaka unaofuata hurudufishwa tena. Mhakiki wa fasihi, ambaye hulikabili shairi la beti tano kwa maswali makali, huipokea orodha hiyo bila ya swali hata moja. Makala haya yanashikilia kwamba orodha ya usomaji ni matini kama matini nyinginezo: ina mtunzi, ina mhusika mkuu, ina mpangilio, na ina mambo iliyoamua kuyanyamazia. Tunashikilia pia kwamba orodha tulizorithi katika sosholojia na anthropolojia kuhusu jamii, familia na afya zinamfundisha msomaji wa Nakuru na eneo la kati la Bonde la Ufa kujitazama kama mgeni anavyomtazama. Lawama ya jambo hili haiwaangukii wanasosholojia peke yao. Sehemu kubwa ni yetu sisi wahakiki.

2.0 Mhusika Mkuu Aitwaye Kabila

Tuanze na vitabu vyenyewe. Mwanafunzi anayetaka kusoma juu ya familia katika eneo hili huelekezwa kwanza kwenye kitabu cha Jomo Kenyatta, Facing Mount Kenya (1938), kilichotokana na masomo yake chini ya Malinowski mjini London. Kisha huelekezwa kwa Peristiany, The Social Institutions of the Kipsigis (1939), na kwa Huntingford, The Nandi of Kenya (1953). Vitabu hivi si vya kudharauliwa. Kenyatta hasa aliandika ili kuitetea ardhi ya watu wake, na aliitumia taaluma ya mkoloni kama silaha dhidi ya mkoloni. Hata hivyo, vinapopangwa pamoja katika karatasi moja, vinatoa hadithi moja: kwamba familia ni ya kabila, kabila lina mahali pake, na mahali pale hapana mlowezi, reli, wala mshahara.

Je, Nakuru ya miaka ile ilikuwa hivyo? Sheria ya mwaka 1918 iliwataka wakazi wa mashamba ya walowezi, waliokuja kuitwa maskwota, wamfanyie mlowezi kazi kwa siku zisizopungua 180 kwa mwaka ili waruhusiwe kukaa na kulisha mifugo. Sheria ya mwaka 1937 iliyapa mabaraza ya walowezi uwezo wa kupunguza mifugo hiyo na kuongeza siku za kazi. Kwa jamii ambamo mahari hulipwa kwa mbuzi na ng'ombe, sheria ya kupunguza mifugo ni sheria ya ndoa, hata kama neno ndoa halimo ndani yake. Mwaka uliofuata kilitoka kitabu cha Kenyatta, na mwaka mmoja baadaye kile cha Peristiany. Msomaji anayeviweka vitabu hivyo kando ya sheria ile ataiona familia ambayo orodha imeificha.

Kitabu kinachoifichua kipo. Tabitha Kanogo, katika Squatters and the Roots of Mau Mau (1987), ameyafuata maisha ya maskwota wa Kikuyu katika Bonde la Ufa kuanzia mwaka 1905 hadi 1963. Humo mna habari za Olenguruone, makazi yaliyoanzishwa mwanzoni mwa miaka ya 1940 na ambayo wakazi wake walikuwa wamekwisha kufukuzwa kufikia mwaka 1950. Watu wa Olenguruone walifanya jambo ambalo halikuwa la kawaida: walikula kiapo cha umoja wote pamoja, wanaume, wanawake na watoto, ilhali kiapo cha siasa hapo awali kilikuwa cha wanaume wazima waliochaguliwa. Hapo familia nzima ilifanywa kuwa chombo cha siasa. Kama hili si somo la sosholojia ya familia, basi hatujui somo hilo ni lipi. Lakini kitabu cha Kanogo huwekwa kwenye rafu ya historia, na mwanafunzi wa familia hupita bila ya kukigusa.

3.0 Jino Kama Hati

Kosa hilo la mpangilio huonekana wazi zaidi tunapofika kwenye afya. Mtu aliyekulia Nakuru, Njoro, Gilgil au Naivasha mara nyingi hutambulikana kwa meno yake yenye rangi ya kahawia. Sababu yake inajulikana. Miamba ya volkano ya Bonde la Ufa hutia floraidi katika maji ya chini ya ardhi, na visima vingi vya eneo hili vina floraidi inayozidi kiwango cha miligramu 1.5 kwa lita kilichopendekezwa na Shirika la Afya Duniani. Mtoto akiyanywa maji hayo wakati meno yake ya ukubwani yanajiunda, yaani katika miaka minane hivi ya kwanza ya maisha yake, meno hutoka na doa lisilofutika. Anayehamia hapa akiwa mtu mzima hapati doa hilo.

Tuyasome basi meno haya kama tusomavyo matini. Yanasema nini? Hayasemi mtu ni wa ukoo gani. Mtoto wa mfanyakazi wa reli aliyetoka Nyanza, mjukuu wa skwota aliyetoka Murang'a na kijana wa Kipsigis wa huku Njoro wana meno ya namna moja, kwa kuwa walikunywa kisima kimoja. Jino ni hati inayotaja mahali alipokulia mtoto, na pengine ni hati ya kweli kuliko kitambulisho. Lakini orodha zetu, zilizopangwa kwa makabila, hazina mahali pa kuliweka jino hili. Mwanafunzi atasoma kuhusu waganga wa Wanandi na matambiko ya Wakikuyu, asisome lolote kuhusu maji anayoyanywa yeye mwenyewe bwenini. Ilhali maji hayo ni suala la familia: nani huyateka, nani ana uwezo wa kununua yaliyosafishwa, na ni mtoto yupi huona haya kucheka mbele ya watu.

4.0 Kosa Letu Sisi Wahakiki

Tumewashutumu wengine, sasa tujigeukie wenyewe. Katika idara za Kiswahili pamezuka mtindo wa tasnifu zenye vichwa kama vile suala la familia katika riwaya fulani, au ugonjwa katika tamthilia fulani. Mwanafunzi hukusanya dondoo, huzipanga chini ya dhamira, kisha hutangaza kwamba mwandishi ameiakisi jamii. Jamii ipi? Ameijulia wapi hata ajue kwamba imeakisiwa? Katika marejeleo yake hamna hata kitabu kimoja cha mtu aliyeichunguza jamii hiyo. Nimeshuhudia semina ya uzamili ambamo mtahini wa fasihi alimwambia mwanafunzi kwamba sosholojia si kazi yetu, na mgeni kutoka idara ya jirani akaongeza kwamba riwaya si ushahidi. Mwanafunzi yule alifungiwa milango miwili kwa siku moja.

Hakuna anayeonyesha upuuzi wa milango hiyo kuliko Katama Mkangi. Alifundisha sosholojia katika Chuo Kikuu cha Nairobi, na mwaka 1986 aliwekwa kizuizini bila ya kufikishwa mahakamani. Mwaka 1983 alichapisha utafiti wake kuhusu Wataita, The Social Cost of Small Families and Land Reform, unaohoji gharama anayoilipa maskini anapohimizwa kupunguza watoto huku ardhi nayo ikigeuzwa kuwa mali ya mtu binafsi. Mwaka 1984 alitoa riwaya ya Mafuta, na mwaka 1995 riwaya ya Walenisi. Mtu ni mmoja, kalamu ni moja, hasira ni moja. Lakini mwanafunzi wa Kiswahili humsoma Mkangi wa riwaya asijue kwamba alikuwa mtaalamu wa familia na ardhi. Na mwanafunzi wa sosholojia, kama amebahatika kumsoma, hajui kwamba alikuwa mtunzi. Tumemkata mtu vipande viwili, kisha tunalalamika kwamba fasihi yetu haina kina.

Vivyo hivyo, riwaya ya Marjorie Oludhe Macgoye, Chira (1997), haisomeki ipasavyo na mtu asiyejua maana ya chira kwa Wajaluo, yaani maradhi ya kukonda yanayohusishwa na kuvunja miiko ya ukoo. Kenya iligundua mgonjwa wake wa kwanza wa Ukimwi mwaka 1984 na kuutangaza ugonjwa huo kuwa janga la kitaifa mwaka 1999. Katika muda huo familia nyingi zilikuwa na majina mawili ya maradhi mamoja, na kila jina lilikuwa na mashtaka yake na tiba yake. Mhakiki asiyeyajua yote mawili atasema nini juu ya riwaya hiyo?

5.0 Kuhusu Pingamizi

Watakuwapo watakaosema kwamba riwaya ni ya kubuni na etnografia ni ya kweli, na kwamba kuzichanganya ni kuharibu zote mbili. Pingamizi hili lina uzito, nasi hatusemi kwamba riwaya ichukuliwe kama takwimu. Lakini etnografia nayo imeandikwa. Regina Smith Oboler alipochunguza ndoa ya mwanamke kwa mwanamke miongoni mwa Wanandi, alisikia watu wakisema kwamba mume wa kike ni mwanamume. Hakuridhika na kauli hiyo. Alitazama matendo, akaona kwamba kauli ile ina nguvu zaidi panapohusika mali na urithi kuliko katika mambo mengine ya maisha ya kila siku. Kutenganisha kauli ya mhusika na tendo lake ni kazi ya mhakiki. Suala hilo halikuishia vitabuni, kwani mwaka 2011 Mahakama Kuu mjini Mombasa iliitambua ndoa ya namna hiyo katika shauri la urithi.

Henrietta Moore naye, katika Space, Text and Gender (1986), aliisoma nyumba ya Wamarakwet pamoja na mahali panapotupwa majivu na samadi, akitumia nadharia ya matini. Wanaanthropolojia wamekuja kukopa kwetu. Sisi twaona haya kukopa kwao. Johannes Fabian, katika Time and the Other (1983), ameonyesha jinsi anthropolojia inavyomweka mtu anayechunguzwa katika wakati usio wa mchunguzi. Nani anafaa zaidi kuichunguza njeo ya kitenzi kuliko mwanafunzi wa lugha?

6.0 Hitimisho

Tunapendekeza mambo matatu. Kwanza, orodha zipangwe kwa masuala ya mahali, kama ardhi, maji, kazi, barabara na urithi, na si kwa makabila. Kanogo na Kenyatta wakae ukurasa mmoja, na sheria ya 1937 ikae kati yao. Pili, pasiwe na tasnifu ya fasihi kuhusu familia au afya isiyoitumia angalau etnografia moja, wala etnografia isisomwe pasipo kuuliza nani anasimulia, kwa njeo gani, na nani amenyimwa kauli. Tatu, mijadala hii iandikwe kwa Kiswahili. Mwenye meno ya kahawia ana haki ya kuusoma uchunguzi wa meno yake katika lugha anayocheka kwayo.

Anthropolojia ilizaliwa kama taaluma ya kuwasema wale. Okot p'Bitek aliyakataa hayo katika kitabu chake cha mwaka 1970 kuhusu dini za Kiafrika na wataalamu wa Magharibi, naye alikuwa ameisomea taaluma hiyo Oxford. Mkangi aliyakataa kwa neno moja tu, akalifanya jina la riwaya: Walenisi. Ukilikata neno hilo vipande utapata sentensi kamili. Orodha zetu zimeishia kwenye kipande cha kwanza, nasi tunaozigawa kila mwaka ndio wenye wajibu wa kuimaliza sentensi hiyo.