Shaba Yetu na Bei ya London

Wanafunzi huuliza mara kwa mara: shaba yachimbwa Kolwezi, mbona bei yake inakatwa London? Swali hilo ni la haki, wala si jepesi.

London liko soko la metali lililoanzishwa mwaka 1877. Msidhani kwamba shaba imerundikwa humo kama mihogo sokoni kwetu. Wanunuzi na wauzaji hupatana bei tu, na bei ile hushikwa karibu dunia nzima kuwa kipimo. Viwanda vya nyaya za umeme vikihitaji shaba nyingi, bei hupanda. Vikipunguza kazi, hushuka, ijapokuwa mchimbaji wa Katanga ametoka jasho lile lile.

Tazameni mwaka 1974. Mwezi wa Aprili bei ilikuwa juu sana; kabla ya mwaka kwisha ilikuwa imeanguka chini ya nusu. Nayo serikali ya Zaire (ndivyo nchi yetu ilivyoitwa siku zile) ilikuwa imekopa fedha nyingi katika wakati wa neema, na kuanza kazi kubwa, kama ule mstari wa umeme toka Inga hata Katanga, mwendo wa kilometa 1,700 hivi. Shaba ilishuka bei, deni halikushuka. Mafuta, dawa na vyuma vya mashine vilidai fedha za kigeni kama kwanza, na fedha hizo zilitoka zaidi katika shaba. Tena mwaka 1975 vita vya Angola vikafunga njia ya reli iendayo bandari ya Lobito, ndiyo njia fupi ya kufika baharini.

Tangu 1967 Kongo, Zambia, Chile na Peru zilikuwa zimefanya shirika ili kuilinda bei. Nia ilikuwa njema, lakini nchi nyingine zilizochimba shaba zilikuwa nje ya shirika, na wenye viwanda waliweza kutumia alumini mahali pengi. Mwenye bidhaa moja tu ni mnyonge mbele ya mnunuzi.

Na mama aendaye kununua unga Lubumbashi, yahusu nini kwake? Yahusu sana. Mahindi mengi ya Katanga hutoka Zambia, wala Mzambia haridhiki na franka zetu. Ataka fedha zake au dola. Shaba ikileta dola chache, franka hupungua nguvu, na mfuko wa unga hupanda bei, hata kama mvua ilinyesha vizuri pande zote mbili za mpaka.