UCHANGANUZI: Ni nani anayestahiki umeme wa bei nafuu viwandani?

MKAZI wa Ndabibi, magharibi mwa Ziwa Naivasha, amezungukwa na kawi ya mvuke. Juu yake kuna Eburru, ambako kampuni ya KenGen ina mtambo mdogo wa megawati 2.5. Kusini mwa ziwa kuna Olkaria, ambako umeme umezalishwa tangu 1981. Hata hivyo, akianzisha kiwanda cha kusaga mahindi au cha kupoza maziwa, ujirani huo haumpi haki yoyote ya kupunguziwa bei.

Nafuu ni ya anayetimiza masharti, na masharti hayo ndiyo chimbuko la mizozo.

Serikali ya Rais Uhuru Kenyatta iliwaahidi wawekezaji katika eneo la viwanda la Naivasha umeme wa takriban Sh5 kwa uniti. Lakini chini ya Sheria ya Maeneo Maalum ya Kiuchumi ya 2015, manufaa ya maeneo hayo ni ya kampuni yenye leseni, iliyo ndani ya eneo lililotangazwa katika gazeti rasmi la serikali. Mamlaka ya kudhibiti kawi, EPRA, ilipoidhinisha bei mpya mwaka 2023, iliyatengea maeneo hayo kundi lake.

Kwa hivyo, viwanda viwili vinavyofanya kazi ile ile vinaweza kutozwa bei tofauti kwa sababu ya ua tu. Aliye nje atalipa zaidi, kisha akutane na mwenzake katika soko lile lile.

Kigezo cha pili ni kiasi cha matumizi. Mnamo Desemba 2017, wenye viwanda walianza kupunguziwa asilimia 50 ya bei ya umeme unaotumika usiku na wikendi. Nafuu hiyo ilihusu tu uniti zilizozidi wastani wa matumizi yao ya awali. Kiwanda kilichokuwa kikifanya kazi usiku tangu zamani kilijikuta na kiwango kigumu kuvuka, huku kilichokuwa kikilala kikipata mwanya.

Mtu anayehisi kuonewa ana njia. Sheria ya Kawi ya 2019 inamruhusu asiyeridhika na uamuzi wa EPRA kukata rufaa kwa Jopo la Kawi na Mafuta katika siku 30, na baadaye kuelekea Mahakama Kuu. Kifungu cha 47 cha Katiba nacho kinampa haki ya kuelezwa kwa maandishi sababu za uamuzi unaomuumiza.

Tatizo ni kwamba kampuni kubwa ina mawakili wa kudumu, ilhali chama cha wafugaji kitatumia gharama ya kesi kununua tangi la maziwa.

Wala mizozo hii si ya Kenya pekee. Mwaka 2014, Tume ya Ulaya iliamua kwamba sehemu ya nafuu ambayo Ujerumani iliwapa wenye viwanda vinavyotumia umeme mwingi ilikiuka kanuni na inafaa kurejeshwa. Uamuzi huo ulibatilishwa na Mahakama ya Haki ya Ulaya mnamo Machi 28, 2019. Kwa zaidi ya miaka minne, suala hilo lilining'inia.

Ni kweli kwamba mpaka lazima uwepo. Gharama ya umeme haipotei. Anachopunguziwa mmoja hufidiwa na mlipa kodi au mteja mwingine, akiwemo mama anayewasha taa moja ya nyumbani. Kumpa kila mwombaji nafuu ni kuiua nafuu yenyewe.

Lakini mpaka wa haki hufuata kazi inayofanywa: ajira zinazoundwa, mazao yanayoongezewa thamani, na saa ambazo umeme wa ziada unatumika. Vigezo hivyo vichapishwe kabla ya maombi kupokelewa, na anayekataliwa aelezwe sababu bila kushurutisha kwa kesi. Vinginevyo, mvuke wa Naivasha utaendelea kunufaisha walio na ramani na mawakili, huku maziwa ya Ndabibi yakisafirishwa mabichi kwenda kusindikwa kwingine.