Baba Anaponyamaza: Riwaya za Kiyahudi na Sisi wa Seminari



Wengi wetu humu seminarini tunawafahamu Wayahudi wa aina mbili tu: wale wa Biblia na wale wa taarifa ya habari. Wale wa kwanza tunakutana nao katika Zaburi za Masifu ya Asubuhi, hawa wa pili tunawasikia saa mbili usiku. Katikati kuna pengo la karibu miaka 2000. Tunawaacha Mafarisayo wakibishana na Bwana wetu hekaluni, tunaruka moja kwa moja mpaka kwenye vita, na kila kitu walichosali, walichofundisha watoto wao na walichogombania mezani katika karne zote hizo hatukijui.

Yapo maandishi mengi ya kulijaza pengo hilo. Sisi tunapendekeza riwaya. Tunajua wapo ndugu zetu wanaoona riwaya ni kitu cha likizo, kisichofaa kuwekwa karibu na Aristotle na Mtakatifu Thoma wa Akwino. Tunawaheshimu, lakini hatukubaliani nao, na tutatumia nafasi hii kueleza kwa nini.

Tuanze na Chaim Potok, kwa kuwa huyu kwa namna fulani ni wa kwetu. Alizaliwa New York mwaka 1929 katika familia ya Wayahudi wenye msimamo mkali wa dini, akapata upadirisho wa kirabi (kama tunaweza kuuita hivyo) mwaka 1954, akatumikia kama mlezi wa kiroho wa wanajeshi wa Marekani huko Korea, na mwaka 1965 akapata udaktari wa falsafa. Alikuwa mtu wa dini aliyesoma falsafa na bado akaendelea kusali. Na jambo linalotufurahisha zaidi ni hili: mwenyewe alisimulia kwamba alipokuwa kijana mdogo, kitabu kilichomfanya atake kuwa mwandishi ni Brideshead Revisited, riwaya ya Evelyn Waugh, Mkatoliki wa Uingereza, kuhusu familia ya Kikatoliki. Myahudi alijifunza kuandika juu ya nyumba yake kwa kuchungulia dirisha la nyumba yetu. Si vibaya na sisi tukichungulia lake.

Riwaya yake ya kwanza, The Chosen, ilitoka mwaka 1967. Mambo yanatokea Brooklyn kuanzia mwaka 1944, vita vikielekea mwisho. Vijana wawili, Reuven na Danny, wanakutana kama maadui katika mchezo wa mpira wa gongo, mmoja anamuumiza mwenzake jicho, na baadaye wanakuwa marafiki wa kufa na kuzikana. Danny ni mtoto wa kiongozi wa Wahasidi, Reb Saunders. Katika jumuiya yao kiti cha uongozi hurithiwa, baba humwachia mwana, na hakuna anayemuuliza mwana kama anataka. Danny hataki. Ana akili ya ajabu, akisoma ukurasa mara moja haumtoki, na anakwenda kwa siri maktaba ya mji kusoma vitabu ambavyo baba yake asingevikubali. Anajifundisha Kijerumani ili amsome Freud.

Lakini kinachobaki kichwani ukikifunga kitabu ni jinsi baba huyu anavyomlea mwanawe. Reb Saunders hazungumzi naye. Wakisoma Talmudi pamoja, wanajadiliana mpaka sauti zinapanda. Wakifunga kitabu, kimya. Hakuna "umeamkaje", hakuna "shuleni kukoje". Miaka na miaka. Siku moja inakuja sababu. Danny alipokuwa na umri wa miaka minne alisoma hadithi ya mtu aliyeteseka, akaisimulia yote bila kukosea, akifurahia kumbukumbu yake mwenyewe na asimwonee huruma hata kidogo yule mtu. Baba aliogopa. Aliona akili kubwa ndani ya mtoto asiye na moyo. Akaamua kumfundisha uchungu kwa kumnyima sauti yake, kama yeye alivyofanyiwa na baba yake.

Tulipoijadili riwaya hii katika kikundi chetu cha usomaji tuligawanyika. Wapo waliosema huyu ni baba mkatili na hadithi imempamba. Wapo waliosema ukimya ule ulizaa matunda, kwa kuwa Danny kweli anakuwa mtu wa huruma. Maoni yetu baada ya mabishano ni kwamba matunda mema hayahalalishi kila jembe lililolima. Reb Saunders mwenyewe anajua hivyo, ndiyo maana mwishoni anamwomba mwanawe msamaha. Lakini Potok hatuachii tustarehe, kwa sababu Danny anapoulizwa kama atawalea wanawe hivyo hivyo, hakatai. Anasema tu kwamba atafanya hivyo asipopata njia nyingine.

Sasa tuje kwetu, maana ndiko tulikokusudia kufika.

Kwetu mambo yamegeuzwa, lakini ni yaleyale. Danny anatakiwa na ukoo wake awe kiongozi wa dini na yeye hataki. Sisi wengi tunataka upadre, na ni ukoo unaouliza nani atabeba jina la babu. Hilo linazungumzwa, wakati mwingine kwa machozi, na mara nyingi linakwisha vizuri. Kuna jingine ambalo halizungumzwi. Kijana akiingia seminari ndogo akiwa na miaka 14, kijijini wanaanza kumwita Padre siku ileile. Mama yake anakaa kiti cha mbele jumuiyani. Shangazi wanapiga hesabu za vitenge vya sherehe ya upadrisho miaka 12 kabla haijafika. Kijana huyu akifika mwaka wa pili wa falsafa, akapiga magoti, akasali kwa kweli, akaona kwamba Mungu hamwiti huku, anafanyaje? Anabeba sanduku lake anarudi nyumbani, na nyumbani anakuta Reb Saunders. Hakuna anayemtukana. Chakula anapewa. Ila baba anaangalia upande mwingine, na kwenye jumuiya hakuna anayemkaribisha kuongoza hata sala ya kufungua.

Tumewaona wenzetu wakirudi katika ukimya huo. Tumewaona pia wengine wakibaki seminarini kwa kuuogopa, na hao wanatusikitisha zaidi. Kanuni ya 1026 ya Sheria za Kanisa inakataza kabisa kumlazimisha mtu kwa namna yoyote na kwa sababu yoyote apokee daraja takatifu. Tunaijua kanuni hiyo. Lakini nani alisema kulazimisha lazima kuwe kwa fimbo? Macho ya mama yanatosha.

Katika The Chosen, Reb Saunders anamwachia Danny. Anamwambia mbele ya Reuven, wakati wa Pasaka yao, kwamba anajua anakwenda kusomea saikolojia, na kwamba mdogo wake atakikalia kiti. Anamuuliza mwanawe kama ataendelea kuzishika amri. Ni baba aliyekosea njia kwa miaka mingi, lakini siku ya siku alitofautisha mambo mawili ambayo sisi tunayachanganya: kuacha kiti na kumwacha Mungu. Mwenzetu aliyetoka seminarini ameacha kiti. Nani alituambia amemwacha Mungu?

Tukitoka kwa Potok, Nathan Englander, aliyezaliwa mwaka 1970 na kukulia katika familia ya kidini sana kabla ya kuiacha desturi hiyo, ameandika riwaya fupi iitwayo kaddish.com, iliyotoka mwaka 2019. Hii inachekesha, tena sana, na ndani ya kicheko kuna kitu kinachouma. Larry amefiwa na baba yake. Kwa desturi yao mtoto wa kiume anapaswa kusali Kadishi kwa ajili ya mzazi wake kila siku kwa miezi 11, tena si chumbani peke yake bali pamoja na wanaume wasiopungua 10. (Sala hiyo haitaji kifo hata mara moja, ni sifa kwa Mungu tupu, kwa lugha ya Kiaramu. Tafakari hilo: unasimama na kidonda chako, na unachopewa kusema ni utukufu wa Mungu.) Larry ameacha dini, hawezi. Dada yake hamwachi apumue. Basi usiku mmoja anapata mtandaoni huduma ya kumlipa mwanafunzi wa dini huko Yerusalemu asali kwa niaba yake. Analipa, analala.

Miaka inapita, karibu 20, Larry anamrudia Mungu, anabadili hata jina, anakuwa mwalimu wa dini mwenye mke na watoto. Na deni lile linaamka. Baba alikuwa wake, sala ilikuwa yake, naye aliiuza. Anaanza kumtafuta yule aliyemlipa. Alichokikuta hatutakisema, msomaji akitafute mwenyewe.

Hatukuweza kusoma kitabu hiki bila kuifikiria Novemba yetu. Tunawafahamu waamini wanaotuma nia za Misa kwa simu, pesa kwa mtandao, jina la marehemu kwa ujumbe mfupi, na siku ya Misa yenyewe wako kazini au wamelala. Hatusemi Misa hiyo haina thamani. Sadaka ni ya Kristo, haitegemei kama mtoaji nia amekaa benchi la kwanza. Hapo teolojia yetu na ya kina Larry zinaachana, na inafaa tuseme wazi ili tusionekane tunachanganya Kadishi na Ekaristi. Lakini Kanuni ya 947 inataka hata sura ya biashara iondolewe kabisa katika sadaka za Misa, na sura ya biashara haitoki kwa padre peke yake. Inaweza kutoka kwa mtoto aliyelipa ili asisumbuke kumkumbuka baba. Tunawaomba mapadre wajao, yaani sisi wenyewe, tukipokea bahasha tuulize angalau marehemu alikuwa mtu wa namna gani. Ni dakika mbili.

Naomi Alderman wa Uingereza tunamtaja kwa ufupi, kwa sababu riwaya yake Disobedience ya mwaka 2006 ina mambo yanayohitaji msomaji aliyekomaa na mlezi wa kuzungumza naye. Binti wa rabi anarudi London baada ya kifo cha baba yake, kwenye mtaa ambao kila mlango unamjua. Atakayekuwa paroko wa mahali ambapo kila mtu anajua habari za kila mtu atajifunza kitu humo.

Kuna kitabu kimoja tunachokiweka mwisho kwa sababu ni kigumu kwetu kuliko vyote. Ni cha Potok tena, My Name Is Asher Lev, cha mwaka 1972. Asher ni mtoto wa Kihasidi aliyezaliwa na kipaji cha kuchora. Baba yake husafiri dunia nzima kwa kazi ya jumuiya, mama hubaki amesimama dirishani akiogopa, maana ndugu yake alikufa katika safari za namna hiyo. Asher akiwa mtu mzima anataka kuchora mateso ya mama huyu, aliyechanika kati ya mume na mwana. Anatafuta katika mapokeo ya watu wake sura itakayoubeba uchungu huo, haioni. Akiwa Florence ameiona Pietà ya Michelangelo. Basi anamchora mama yake juu ya fremu ya dirisha kama aliyesulubiwa, baba upande mmoja na mkoba wake, yeye mwenyewe upande mwingine na brashi.

Mkatoliki akifika hapo anataka kushangilia. Tazameni, hata Myahudi amekuja msalabani! Tulihisi hivyo, na ni hapo hasa kitabu kinapotuzuia. Kwa sababu wazazi wanapoingia kwenye maonyesho na kuiona picha hiyo, wanavunjika. Kwao msalaba ni alama iliyobebwa mbele ya watu waliokuja kuchoma nyumba za babu zao, na mara nyingi wachomaji walikuwa wametoka kanisani. Asher anajua hivyo na bado anachora, kwa kuwa hana sura nyingine ya kweli. Kiongozi wao anamwomba aondoke katika jumuiya.

Miaka saba kabla ya kitabu hicho, tarehe 28 Oktoba 1965, Mtaguso wa Pili wa Vatikano ulitoa Nostra Aetate, ukasema Wayahudi wasioneshwe kama watu waliokataliwa au kulaaniwa na Mungu. Tunaifundishwa hati hiyo, tunaijibia mtihani, tunapata alama nzuri. Lakini hati haikutuonesha uso wa mama yule akitoka kwenye ukumbi wa picha. Riwaya ilituonesha, na Ijumaa Kuu iliyofuata, msalaba ulipofunuliwa, baadhi yetu tuliubusu tukiwa tunajua ni nani mwingine ameuona, na ameuona akiwa upande gani.

Vitabu vyote tulivyovitaja tulivisoma kwa Kiingereza, kwa zamu, nakala zikiwa zimechakaa. Kikundi chetu hukutana Jumamosi baada ya kazi za mikono. Wale walioacha masomo na wanaishi jirani na seminari nao wanakaribishwa, na wawili wameshaanza kuja.