Pampu Iliyonyamaza na Wageni Walioahidi Mpya



Mama mmoja wa kijiji kilicho bara kidogo ya Msambweni ametuletea swali ambalo tumelifikiria juma zima. Pampu ya mkono ya kijijini kwao imeharibika tangu mwezi uliopita, na sasa akina mama huamka kabla ya alfajiri kwenda kisima cha wazi ambacho maji yake yana chumvi na taka. Katika dhiki hiyo likaja shirika moja lisilo la kiserikali. Likapiga picha, likaandika majina, likaahidi pampu mpya mwakani. Wazee wakakata shauri: ya nini kutengeneza kuukuu ilhali mpya yaja? Mama anauliza, je, wangoje?

Kabla ya kumjibu, turudi nyuma kidogo, kwa kuwa vijana wetu wengi hawajui kwamba pampu hizi zina asili hapa hapa kwetu. Mwaka 1983, upande huu wa Diani na Msambweni, Wizara ya Maji pamoja na Shirika la Maendeleo la Umoja wa Mataifa na Benki ya Dunia zilianza kujaribu pampu za mikono za aina nyingi, na baadaye fedha za Sweden zikaupanua mradi. Kutokana na majaribio hayo, na mengine yaliyofanywa Malawi, ikapatikana pampu iitwayo Afridev, ambayo leo huchota maji hata Pakistan na Afghanistan. Shabaha ya waliyoibuni ilikuwa nyepesi kuisema na ngumu kuitimiza: mwanakijiji aweze kuifungua kwa spana moja, avute vyuma kwa mikono yake, abadilishe mpira uliolika, na airudishe bila kumngoja fundi kutoka mjini.

Lakini chuma hakijitengenezi. Mwanzoni mafundi walichimba na kusimika, na watu wakawa watazamaji tu. Ndipo likaingia shirika la Kikenya, KWAHO, ambalo kazi yake haikuwa kuchimba bali kuketi na watu. Lilizungumza na wazee, likazungumza na akina mama kwa faragha yao, na kamati za maji zikaundwa. Wanawake wakafundishwa kufungua pampu. Wengi wakakabidhiwa pia hazina ya kamati, na akaunti zikafunguliwa benki. Tukitakiwa kusema ni lipi jema kubwa ambalo mashirika haya yamewahi kuifanyia Kwale, tutataja hilo la mwanamke wa kijijini kushika spana na daftari, wala hatutaanza na idadi ya visima.

Miaka ya 1990 wafadhili wakaondoka, kama wafadhili waondokavyo. Baadhi ya kamati zikaendelea, nyingine zikafa pamoja na viti vyao. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Oxford waliokuja Kwale katika miaka ya 2010 waliyafungua madaftari ya zamani ya kamati hizo, na waliyoyakuta yanatuhusu sana. Palipotozwa fedha kwa kila ndoo, fedha zilikusanyika zaidi na pampu ikatengenezwa mapema; lakini palepale, baadhi ya nyumba zilirudi kwenye visima vya wazi kwa kushindwa kulipa. Basi kanuni nzuri ya fedha yaweza kumtupa nje mjane. Jambo hili kamati haina budi kulitazama kwa macho mawili, na kuamua mapema ni nani atakayechota bure.

Kulipia utunzaji wa maji si desturi ya kigeni kwetu. Sayyidna Uthman bin Affan alikinunua kisima cha Ruma mjini Madina na kukitoa kwa Waislamu wote. Na kwa utaratibu wa wakfu, mwenye kutoa kisima huweza kutenga shamba au duka ili pato lake likitunze. (Twaona vibao vya mashirika vilivyosimama imara penye mabomba yaliyokwisha kukauka, na twajiuliza kama fedha ya kibao isingenunua mipira ya miaka mitano.)

Hatuwalaumu wageni. Nao wana mabwana zao, na fedha zao zina tarehe. Januari 2025 serikali ya Marekani iliposimamisha misaada yake ya nje, watumishi wa miradi mingi nchini Kenya walijikuta nyumbani kwa ghafla, na waliokuwa wakihudumiwa hawakuwa wameshauriwa. Ahadi ya "mwakani" ina uzito huo huo.

Kwa hiyo jibu letu kwa mama ni kwamba wasingoje. Pampu ifunguliwe kwanza. Mara nyingi kilichoharibika ni mpira au fimbo, na mchango wa nyumba zote watosha. Shirika likirejea, likaribishwe kwa heshima, kisha liulizwe kama limesajiliwa, vipuri vitauzwa wapi, na nani ataitwa pampu ikikatika baada ya mradi kufungwa. Zaidi ya yote waulize kisima kitachimbwa katika ardhi ya nani. Hapa Kwale, ambako hati za ardhi zimewatoa watu machozi, kisima kilichochimbwa shambani kwa mtu bila maandishi chaweza kufungwa kwa kufuli siku shamba litakapouzwa. Maandishi hayo yatiwe saini mbele ya mashahidi, wakiwemo wanawake wa kamati.

Mama ametujulisha kwamba mkutano utakuwa Jumamosi baada ya sala ya Alasiri. Spana ya zamani imepatikana kwa bibi mmoja aliyekuwa katika kamati ya kwanza. Aliiviringisha kwa kanga na kuiweka chini ya kitanda miaka yote hii, na amesema atakuja nayo mwenyewe.