Sembène na Lugha ya Wenyewe

Lipo dai ambalo tumelisikia mno vinywani mwa wasomi wetu: kwamba msanii atakaye kufika mbali hana budi kusema kwa lugha ya wakubwa wa dunia, na kwamba lugha zetu zafaa ngoma na vichekesho tu. Dai hili ni kasumba, na maisha ya Ousmane Sembène wa Senegal yatosha kulivunja.

Sembène alizaliwa Ziguinchor mwaka 1923. Hakupata shule ndefu. Alifanya kazi ya ukuli katika bandari ya Marseille, na riwaya yake ya kwanza, Le Docker noir, ilitoka mwaka 1956. Angeweza kutosheka na sifa ya uandishi. Lakini aliona kwamba wale aliowaandikia hawakuweza kumsoma: wengi hawakujua kusoma, na vitabu vilikuwa vya Kifaransa. Alipokaribia umri wa miaka 40 akaenda Moscow kujifunza kutengeneza filamu. Wenye kuita hatua hiyo kutangatanga wanakosea. Fundi alibadili zana. Kazi ilikuwa ile ile.

Katika La Noire de... ya mwaka 1966, Diouana, mtumishi wa nyumbani, anawaza kwa Kifaransa, lugha ya mabwana wanaomdhalilisha. Miaka miwili baadaye, katika Mandabi, mzee Ibrahima Dieng anazungushwa maofisini kwa kuwa hana kitambulisho cha kumwezesha kulipwa hawala iliyotoka Paris. Naye anasema Kiwolof. Watatuambia kwamba filamu hiyo ilipata fedha za Ufaransa, na kwamba ilipigwa kwa Kifaransa pia. Ni kweli. Lakini ile inayokumbukwa ni ya Kiwolof. Kisa chenyewe kilitufikia hata sisi: Amandina Lihamba alikifanya tamthilia ya Kiswahili, Hawala ya Fedha. Na mwaka 2004, Sembène akiwa amepita miaka 80, Moolaadé, inayosema Kibambara, ilipata tuzo huko Cannes. Basi ni mlango gani uliofungwa na lugha ya Kiafrika?

Mlango ulifungwa nyumbani. Xala ya mwaka 1975 ilikatwa na wakaguzi wa Senegal. Ceddo ya mwaka 1977 ilipigwa marufuku na serikali ya Rais Senghor, kwa hoja kwamba jina lake liandikwe kwa d moja, si mbili. Filamu iliyogusa dini na utawala ikazuiwa kwa herufi! Na Senghor mwenyewe alikuwa mshairi. Sisi tulio washairi na watumishi wa serikali kwa pamoja hatuna haki ya kulipita jambo hili kimya. Kulinda tahajia ni kazi njema. Kuifanya tahajia kufuli ni dhuluma.

Sembène hakukubali kuandika kwa d moja. Aliendelea na kazi hadi alipofariki Dakar mwaka 2007.

Kwa hiyo tunasema mambo mawili. Watengenezaji wetu wa filamu waache kuona haya kwa Kiswahili, wala wasikipambe kwa Kiingereza ili waonekane wamestaarabika. Nao wenye mihuri, wanaohimiza kila siku utamaduni wa taifa, wakubali kwamba msanii akishapewa lugha ya watu wake, ataitumia pia kusema yale ambayo wakubwa hawapendi kuyasikia. Anayetaka la kwanza na kukataa la pili hataki utamaduni, anataka mapambo.